Mshahara na Cheo si Hisani

(Hotuba hii ilisomwa mbele ya wanachama wa Chama na watumishi wa Serikali waliokusanyika Mwanza. Tunaichapa yote.)

Ndugu Mwenyekiti, wazee wetu, kina mama na kina baba, na ninyi ndugu watumishi mliotoka Ukerewe, Sengerema, Magu, Misungwi, Kwimba na hapa mjini:

Nimeombwa niseme juu ya jambo ambalo kila tawi la Chama katika mwambao huu wa Ziwa linalijua. Mwalimu, muuguzi au karani huja kwa katibu wa tawi ameshika bahasha. Ndani ya bahasha mna barua ya kupandishwa cheo, na mshahara haujapanda. Au hamna barua yoyote, na wenzake walioajiriwa naye siku moja wamekwisha kumpita daraja mbili. Anauliza, “Ndugu Katibu, Chama kitanisaidia nini?” Na mwingine anauliza swali gumu zaidi: “Je, mtu anaweza kuipeleka Serikali yake mwenyewe mahakamani kwa ajili ya mshahara, asionekane msaliti?”

Jibu langu ni fupi. Anaweza, wala si usaliti. Lakini lazima ajue mahakama inaweza kumpa nini na haiwezi kumpa nini, na lazima apite njia iliyowekwa, kwa siku zilizowekwa. Asiyejua hayo atapoteza haki yake huku akiwa nayo mkononi. Hilo ndilo nililokuja kusema.

Hebu kwanza tukumbuke tulikotoka.

Mwaka 1947 mkoloni aliunda tume ya kutazama mishahara ya watumishi wa Kenya, Uganda, Tanganyika na Unguja. Iliitwa Tume ya Holmes, ikamaliza kazi yake mwaka 1948. Tume hiyo ilikubali kwamba Mwafrika aweza kufanya kazi ile ile ya Mzungu, akiwa na elimu ile ile. Kisha ikasema alipwe sehemu tatu kwa tano za mshahara wa Mzungu. Yaani penye shilingi 500 za Mzungu, Mwafrika apewe 300. Kazi ni moja, meza ni moja, wino ni mmoja, ila ngozi ndiyo inayokatwa shilingi 200. Sheria hiyo ya tatu kwa tano iliondolewa baada ya tume nyingine, ya Lidbury, kutoa taarifa yake mwaka 1954.

Je, karani wa Mwanza aliyepunjwa wakati ule alikuwa na pa kwenda? Hakuwa napo. Waingereza walikuwa na kanuni yao ya kale kwamba mtumishi wa Serikali anakaa kazini kwa mapenzi ya Mfalme. Mahakama yao ya rufaa huko London iliamua shauri la mtumishi aliyepelekwa Niger kwa mkataba wa miaka 3, akaachishwa kabla ya miaka hiyo kwisha. Akaambiwa kwamba Malkia aweza kumwachisha mtumishi wake wakati wowote, mkataba uwepo usiwepo. Kanuni hiyo ilitembea na bendera yao, ikafika mpaka huku kwetu.

Wala mtumishi yule hakuruhusiwa kupeleka malalamiko yake kwenye siasa. Mwaka 1953 Serikali ya Twining iliwakataza watumishi wake wasijiunge na vyama vya siasa. TANU ilipozaliwa tarehe 7 Julai 1954, makarani na walimu wa Serikali walikwisha fungiwa mlango. Na hapa Jimbo la Ziwa wenyewe mnajua: tangu mwaka 1954 mpaka 1958 TANU ilizuiwa isifanye kazi. Mtumishi aliyepunjwa hakuwa na Chama, hakuwa na mahakama. Alikuwa na bwana mkubwa wake tu. Akipewa alishukuru, akinyimwa alinyamaza. Ndiyo maana nasema mshahara wa wakati ule ulikuwa hisani.

Sisi tulipigania uhuru ili mambo hayo yabadilike. Lakini ndugu zangu, tuseme kweli: hayakubadilika kwa siku moja. Katiba zetu za mwaka 1961 na 1962 hazikuwa na sura ya haki za raia. Haki hizo ziliingizwa katika Katiba mwaka 1984, zikaanza kutumika mahakamani mwaka 1988. Leo ibara ya 13 inasema kwamba haki ya mtu inapoamuliwa ni lazima asikilizwe, na awe na nafasi ya kukata rufaa. Ibara ya 23 inasema ujira ulingane na kazi. Maneno hayo si mapambo ya kutundikwa ukutani.

Na mahakama zetu ziliyafanyia kazi. Nitataja maamuzi matatu tu.

La kwanza ni la hapa Ziwani. Mwaka 1986 mwananchi wa Bukoba aliwapeleka Mahakama Kuu Mkuu wa Mkoa na Kamanda wa Polisi wa Mkoa, akiomba walazimishwe kutimiza wajibu wao kwake. Shauri hilo lilikuwa mbele ya Jaji Mwalusanya. Jaji alieleza masharti matano ambayo mwombaji lazima ayatimize kabla mahakama haijamlazimisha mtumishi wa umma kufanya kazi yake. Moja, mwombaji awe amedai, na yule mtumishi awe amekataa. Mbili, mtumishi yule awe na wajibu uliowekwa na sheria, na wajibu huo uwe kwa mwananchi, si kwa Serikali peke yake. Tatu, wajibu uwe wa lazima, usiwe jambo la hiari yake. Nne, mwombaji awe na maslahi yake katika jambo hilo. Tano, pasiwe na njia nyingine inayofaa ya kupata haki. Masharti hayo hayahusu mishahara peke yake, lakini hata leo wanasheria wanayataja, na mtumishi anayedai malimbikizo yake atapimwa kwa mizani hiyo hiyo. Nawaombeni mwayaweke moyoni, maana nitayarudia.

La pili ni la mwaka 1993. Kulikuwa na sheria iliyosema kwamba huwezi kuishtaki Serikali mpaka Serikali yenyewe ikubali kushtakiwa. Ni kama kumwomba aliyekukanyaga akupe ruhusa ya kulia. Mahakama ya Rufani ilisema sharti hilo linavunja Katiba, likaanguka. Baada yake, mwaka 1994, likawekwa sharti la kutoa taarifa ya siku 90 kabla ya kufungua kesi ya madai dhidi ya Serikali. Taarifa ni jambo jingine. Taarifa si ruhusa.

La tatu lilitoka Dodoma, likachapishwa katika ripoti za sheria za mwaka 1994. Mtumishi wa Serikali alistaafishwa kwa kile kilichoitwa manufaa ya umma, bila kuelezwa sababu. Jaji alikuwa yule yule Mwalusanya. Alisema maneno “manufaa ya umma” hayatoshi peke yake. Lazima sababu zitolewe. Hapo ndipo kanuni ya mapenzi ya mfalme ilipopigwa kweli kweli katika ardhi yetu.

Basi, ndugu watumishi, mlango uko wazi. Sasa tutazame ni mlango wa nini.

Mahakama inapopitia uamuzi wa ofisi ya Serikali, haikai katika kiti cha mwajiri. Haiulizi, “Je, mama huyu anastahili cheo?” Inauliza, “Je, aliyeamua alikuwa na mamlaka? Alifuata sheria? Alimsikiliza? Alitoa sababu? Au amekaa kimya wakati sheria inamwamuru atende?” Ikiona kosa, yaweza kufanya mambo matatu: kuufuta uamuzi, kumzuia ofisa asifanye jambo lisilo halali, au kumlazimisha afanye lile lililo wajibu wake. Ikiisha kuufuta uamuzi, kwa kawaida hulirudisha jambo pale pale lilipotoka ili liamuliwe upya kwa haki.

Nitoe mfano. Simtaji mtu, ni mfano tu. Tuseme yupo muuguzi katika zahanati ya kisiwani Ukerewe. Amepewa barua yenye saini na mhuri, kwamba amepanda daraja tangu tarehe 1 Julai. Mshahara mpya unazidi wa zamani kwa shilingi 150,000 kwa mwezi. Miezi 14 imepita, na mshahara ni ule ule. Anadai shilingi 2,100,000. Huyu ana jambo zito mkononi. Cheo amekwisha pewa. Kumlipa mshahara wa cheo hicho si hiari ya mtu tena. Sharti la tatu la mwaka 1986 analo.

Mwenzake wa zahanati ya pili hana barua. Anasema, “Mimi nimefanya kazi miaka mingi, nami nipandishwe.” Huyu naye aweza kuwa ameonewa, lakini shauri lake ni la namna nyingine. Kupanda cheo hutegemea muundo wa maendeleo ya utumishi wa kada yake, nafasi katika ikama, fedha katika bajeti, na utendaji wake uliopimwa. Mahakama haitaandika barua ya kumpandisha. Lakini kama jina lake lilirukwa kwa chuki, au alihukumiwa kwa taarifa mbaya ambayo hakupata kuonyeshwa wala kuijibu, hapo mahakama yaweza kuufuta uamuzi huo na kuamuru jambo litazamwe upya.

Wa tatu ameshushwa cheo, au ameondolewa katika orodha ya mishahara, bila kuitwa wala kuulizwa. Hilo ni kosa linaloonekana mchana. Mtu hahukumiwi akiwa hayupo, hajui kosa lake.

Mkizitenganisha namna hizo tatu, nusu ya kazi mmekwisha ifanya. Wengi wanashindwa kwa sababu wanakwenda na la pili wakidhani ni la kwanza. Wanaiomba mahakama iwape cheo, wakati walipaswa kuiomba itazame jinsi walivyonyimwa.

Sasa nisemeje juu ya njia? Hapa ndipo watu wengi wanapopotelea.

Zamani kidogo, baada ya sheria za kazi za mwaka 2004, mtumishi aliyeachishwa au kupunjwa alikimbilia Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ile inayosikiliza migogoro ya wafanyakazi na waajiri. Mwaka 2016 Bunge lilibadilisha Sheria ya Utumishi wa Umma ya mwaka 2002, likaingiza kifungu cha 32A. Kifungu hicho kinasema kwamba mtumishi wa umma, kabla ya kwenda kutafuta nafuu katika sheria za kazi, amalize kwanza njia zote zilizomo katika Sheria ya Utumishi wa Umma. Na mwaka 2022 Mahakama ya Rufani, katika shauri la Shirika la Posta, iliamua kwamba mfanyakazi wa shirika la umma naye ni mtumishi wa umma, na kwamba Tume ya Usuluhishi haikuwa na mamlaka ya kusikiliza mgogoro wake.

Mnaona hatari yake? Mtu anapeleka jambo lake mahali pasipo pake. Analisubiri mwaka, miaka miwili, pengine hata anashinda. Kisha, juu kabisa, anaambiwa, “Ulikuja mlango usio wako, yote uliyoyapata ni bure.” Akirudi kwenye mlango wenyewe anakuta siku zimekwisha. Hapo inambidi aombe kuongezewa muda, na muda hauongezwi bila sababu nzuri. Chelewa chelewa, utakuta mwana si wako.

Basi njia ni hii. Kwanza, dai kwa maandishi kwa mwajiri wako. Katika halmashauri, barua iende kwa Mkurugenzi Mtendaji kupitia kwa mkuu wako wa kazi. Usiseme tu mlangoni, wala usitume salamu. Andika, weka tarehe, baki na nakala iliyogongwa mhuri wa kupokelewa. Kumbukeni sharti la kwanza la mwaka 1986: lazima uwe umedai na umekataliwa. Utalithibitishaje kama hukuandika?

Pili, usiporidhika, peleka malalamiko au rufaa yako katika Tume ya Utumishi wa Umma. Walimu wa shule za Serikali wana tume yao, Tume ya Utumishi wa Walimu, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2015. Rufaa katika Tume ya Utumishi wa Umma ina siku 45. Hesabu siku hizo tangu ulipopokea uamuzi, wala usingoje siku ya 44.

Tatu, rufaa ya juu ya Tume huenda kwa Rais, na uamuzi wake ndio mwisho wa rufaa. Wengi wakisikia neno “mwisho” wanakunja karatasi zao. Lakini neno hilo linafunga rufaa, haliiondolei Mahakama Kuu kazi yake ya kutazama kama sheria ilifuatwa.

Nne, basi, ni Mahakama Kuu. Huko huanzi na shauri lenyewe. Unaanza na kuomba ruhusa. Kanuni za mwaka 2014 zinataka ruhusa hiyo iombwe ndani ya miezi 6 tangu uamuzi utolewe. Ukiisha pewa ruhusa, una siku 14 za kupeleka maombi yenyewe, na Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aitwe kujibu. Siku 14 si nyingi kwa mtu wa Ukara au Kome anayetegemea chombo cha majini. Tayarisha karatasi zako kabla, si baada.

Na siku hizi mahakama yenyewe haiko mbali kama zamani. Mahakama Kuu inakaa hapa Mwanza, iko Bukoba, iko na Musoma. Mtu wa Sengerema, tangu Juni 2025, anavuka Kigongo kwenda Busisi juu ya daraja. Kilichobaki mbali ni ujuzi wa sheria, na ujuzi huo ndio Chama kinaweza kuusogeza.

Ndugu zangu, kuna jambo jingine ambalo lazima niliseme waziwazi, nisije nikawadanganya. Mahakama haitawapandishia mshahara ninyi nyote. Kiwango cha mshahara hakitokani na hukumu.

Mwaka 2012 walimu waligoma nchi nzima, pamoja na madai mengine wakidai nyongeza ya asilimia 100. Serikali ilikwenda Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi, na mapema mwezi Agosti mahakama iliamuru mgomo ukome. Tazameni na jirani zetu wa Kenya. Mwaka 2015 mahakama yao ya kazi iliwapa walimu nyongeza ya asilimia 50 hadi 60. Walimu walifurahi. Kabla mwaka haujaisha Mahakama ya Rufani ya Kenya ikaifuta hukumu hiyo. Furaha ikageuka uchungu.

Hapo pana funzo. Kiwango kinapatikana mezani, katika majadiliano. Sheria ya mwaka 2003 iliweka mabaraza ya majadiliano katika utumishi wa umma, na vyama vya wafanyakazi, TUGHE, TALGWU, CWT na vinginevyo, ndivyo vyenye kazi hiyo. Mshahara wa chini wa Serikali ulipopanda kutoka shilingi 370,000 hadi 500,000 mwezi Julai 2025, haukupandishwa na jaji. Ulipandishwa na Serikali yenye bajeti, baada ya wafanyakazi kudai kwa miaka. Basi msichanganye. Anayedai kiwango kipya aende chama cha wafanyakazi. Anayedai kile ambacho sheria na barua zimekwisha mpa, huyo ndiye mwenye shauri.

Na watu wa namna hiyo ni wengi, msidhani ni wachache. Mwaka 2016 Serikali ilisimamisha ajira mpya na kupandisha vyeo ili ihakiki watumishi hewa. Nia ya kuwaondoa watumishi hewa ilikuwa njema. Hakuna mwanachama anayependa kodi ya mkulima wa pamba wa Kwimba ilipwe kwa jina la marehemu. Lakini mtumishi aliye hai, anayeamka saa kumi na moja kwenda kazini, alisimamishwa pamoja na hewa. Baadaye wengine walipandishwa ili wawafikie wenzao, na watumishi wenyewe wakauita mpango huo mserereko. Tarehe 1 Mei 2021, hapa hapa Mwanza, katika uwanja wa CCM Kirumba, Rais Samia Suluhu Hassan aliwaambia wafanyakazi kwamba kodi ya mshahara kwa kima cha chini itashuka kutoka asilimia 9 hadi 8, na kwamba watumishi watapandishwa vyeo. Yalikuwa maneno mazuri, na tuliyapigia makofi.

Lakini mserereko haufuti kila kitu. Aliyestaafu katikati, kabla ya kufikiwa, pensheni yake imekokotolewa kwa mshahara mdogo. Kila mwezi mpaka kufa kwake atapokea upungufu ule ule. Ndiyo maana jambo la cheo si jambo la majivuno. Ni ada ya mtoto, ni bati la nyumba, ni dawa ya mzee.

Sasa nije kwetu, wana Chama.

Wakati wa mkoloni, malalamiko ya wafanyakazi yaliingia katika siasa kwa sababu hapakuwa na mahali pengine pa haki. Leo mahali papo. Kwa hiyo Chama kisijigeuze mahakama. Nasema hivi kwa sababu najua iko tabia ya kikaratasi. Mtu anakwenda kwa kiongozi, anapewa kikaratasi, “Mkurugenzi, msaidie huyu ndugu.” Tunadhani tumefanya wema. Tumefanya nini kweli? Tumemrusha mwenye kujuana, tukamwacha nyuma mjane wa kisiwani asiyejuana na mtu. Tena tumemharibia hata yule tuliyemsaidia, kwa maana uamuzi uliofanywa kwa shinikizo la mtu asiye na mamlaka waweza kufutwa na mahakama ile ile. Cheo cha kikaratasi hakina mizizi.

Kazi ya tawi ni nyingine, nayo ni kubwa. Tawi limfundishe mtumishi kuhesabu siku. Limsaidie kuweka karatasi zake: barua ya ajira, ya kuthibitishwa kazini, za kupanda daraja, hati za mishahara, na fomu za kupimwa utendaji, zile za OPRAS iliyoanza mwaka 2004 na za PEPMIS ya kompyuta iliyoshika nafasi yake. Mali bila daftari hupotea bila habari. Limwonyeshe chama chake cha wafanyakazi na mwanasheria wake. Wala lisimtazame kwa jicho baya mwanachama anayekwenda mahakamani. Mtu anayeiambia Serikali, “Fuata sheria uliyoitunga mwenyewe,” anaiheshimu Serikali kuliko anayenung’unika gizani.

Na kwa Serikali yetu tuna neno, tulisemalo kama ndugu. Ofisi inayomhesabia mtumishi siku 45 nayo ijihesabie siku zake. Barua ya mtumishi isikae mezani kwa mkubwa mpaka karatasi igeuke rangi. Kila anayenyimwa aandikiwe sababu, kwa lugha anayoisoma. Na ofisa anayejua kwamba amekosea asiiache Serikali ikatumia mawakili na fedha za wananchi kupigania kosa lake mahakamani. Alirekebishe mezani pake, asubuhi hiyo hiyo. Kesi iliyo nzuri kuliko zote ni ile ambayo haikuhitaji kufunguliwa.

Wapo wanaosema, “Watumishi wote wakienda mahakamani, kazi itafanywa na nani?” Nawajibu: si mahakama inayowaita watumishi huko. Ni ukimya wa ofisi. Lipeni kinachodaiwa kwa haki, jibuni barua, sikilizeni kabla ya kuhukumu, nanyi mtaona mahakama inabaki na kesi chache.

Na kwenu watumishi nasema vile vile: haki ina mwenzake, naye ni wajibu. Anayefika zahanati saa nne wakati wagonjwa wamekaa tangu alfajiri, anayefundisha nusu na kusaini zima, huyo asitarajie Chama kimbebee bango. Mahakama itatazama karatasi zako, nasi wanakijiji tunakutazama wewe mwenyewe.

Wazee wetu walilipwa tatu kwa tano, na hawakuwa na pa kuuliza. Sisi tunapo. Tupatumie kwa utaratibu, kwa karatasi, na kwa siku zake. Maana haki isiyodaiwa kwa wakati hurudi kuwa hisani, na hisani ndiyo tuliyoikataa.

Uhuru na Kazi!